Kabla Hujaripoti kwa Dama

Sidi mwanangu,

Umetoka sasa hivi kwenda kumuaga shangazi yako, na najua hutarudi kabla ya alasiri kwa sababu yeye hamwachi mtu aondoke na tumbo tupu. Nimefunga mlango wa chumbani nipate kuandika. Kesho unahamia Kilifi, na Jumatatu unaanza kazi katika benki ya ushirika iliyokuajiri. Barua hii nitaitia katika begi lako juu kabisa ya nguo, usije ukasema hukuiona.

Sitakuandikia habari za kuchemsha maji, wala za kufunga mlango, wala za wanaume. Hayo nimekuambia mpaka umeanza kunijibu kabla sijamaliza. Nina jambo moja tu, na nimeshindwa kukuambia kwa mdomo kwa miaka kumi na miwili.

Uliporudi kutoka kwenye mahojiano uliketi jikoni ukanisimulia. Ulisema mezani walikuwa watu wanne, na mmoja alikuwa mwanamke anayeandika kwa mkono wa kushoto, wa kulia ameulaza pajani. Mwishoni alikuuliza mama yako anafanya kazi gani. Ukamjibu, kifua mbele, kwamba mama yako ni Jumwa, yule karani aliyesema kweli mahakamani Malindi hata nyumba yake ikachomwa. Ulisema alikutazama kidogo, kisha akasema, "Msalimie mama yako." Mimi nilikuwa juu ya mbuzi nakuna nazi. Nilikuna mpaka meno ya chuma yakanichana kidole, damu ikaingia kwenye nazi, nawe ukanicheka.

Huyo ndiye Dama, na ndiye atakayekuwa mkubwa wako. Mkono wake wa kulia ulivunjwa na watu, na mimi nina mkono wangu katika jambo hilo. Sitaki uketi mbele yake ukiamini ulichoaminishwa. Ukishajua, utaamua mwenyewe utaniitaje.

Wewe ulikuwa na miaka kumi na miwili, unakumbuka tu kwamba nilikuwa natoka asubuhi na sketi nyeusi na blauzi nyeupe. Nilikuwa karani wa benki ya ushirika ya wakulima na wavuvi pale mjini, na kila palipotangazwa nafasi ya kazi mimi ndiye niliyekuwa katibu wa kamati ya ajira. Nilipokea maombi, nikafungua mafaili, nikapanga majina, na siku ya mahojiano nikaketi pembeni na rejesta yangu. Nilijiona mtu mkubwa sana. Watu wa Jilore walikuwa wakinisimamisha njiani na kuku mkononi, nami nilikuwa nikiwachukua hao kuku, tena bila haya.

Sasa sikiliza jinsi tulivyofanya kazi. Kamati ilikuwa na wajumbe watano, na kila mjumbe alitoa alama zake kwa penseli. Mahojiano yakiisha, waombaji wakiwa bado wamekaa nje kwenye benchi, mwenyekiti alifunga mlango akasema tulainishe. Neno lake lilikuwa hilo, kulainisha. Maana yake ni kwamba kila kata ilikuwa na zamu yake ya kuingiza mtoto wao kazini, na alama zilitakiwa zifuate zamu. Mimi nilipitisha raba. Wajumbe walifuta na kuandika upya, kisha nikakaza kwa wino. Hakuna aliyeona ajabu. Tulisema ushirika ni wa wenyewe, na wenyewe wamekubaliana. Ukiniuliza siku zile kama ule ulikuwa wizi, ningekufukuza ofisini kwangu kwa matusi.

Dama alikuja kuomba nafasi ya ukarani. Alikuwa mzaliwa wa Jilore lakini amekulia kwa watu mtaa wa Kisumu Ndogo, mjini, na kwa hivyo hakuhesabiwa na kata yoyote. Alijibu kila swali. Wajumbe wanne kati ya watano walimweka wa kwanza, na wa tano alimweka wa pili kwa sababu alikuwa amesinzia. Zamu ilikuwa ya Ngomeni, na mtoto wa Ngomeni alikuwa mpwa wa mwenyekiti, kijana aliyeulizwa benki ya ushirika ni nini akajibu ni benki kama nyingine. Tulilainisha. Dama akawa wa sita.

Waombaji wengine wa namna hiyo walikuwa wakilia kidogo nyumbani kwao kisha wakaenda zao. Huyu alikwenda mahakama ya kazi. Hakuwa na wakili, alijisimamia mwenyewe, akaomba benki iamriwe kuleta karatasi za alama. Nakumbuka siku mjumbe wa mahakama alipoleta zile hati ofisini. Mwenyekiti alizisoma amesimama, akacheka, akasema msichana amekosa mume wa kumtuliza. Nami nilicheka. Nataka ulijue na hilo, kwamba nilicheka.

Mwenyekiti aliniandalia hati ya kiapo kwamba alama zilikuwa halali na hazikubadilishwa, nikatia sahihi. Sikulazimishwa siku ile. Nilikuwa na kazi, nilikuwa na wewe shuleni, baba yako alikuwa na shamba lisilokwisha ukame, nikaona sahihi ni sahihi tu.

Kesi ilipoanza kutajwa mahakamani wanachama waligawanyika. Mkutano mkuu uliofuata ulifanyika katika ukumbi wa shule, na mzee mmoja wa Jilore alisimama akauliza kwa nini mtoto wa Jilore amefanywa wa sita. Hakumaliza. Kijana wa upande wa mwenyekiti alimtandika kiti cha chuma usoni. Niliona meno ya mzee yakianguka juu ya rejesta yangu ya mahudhurio. Hapo ukumbi mzima ukawaka. Walipigana kwa viti, kwa mikanda, kwa chupa za soda. Mwanamke mmoja aliyekuwa na mimba alikanyagwa mlangoni, na watu waliendelea kupita juu yake. Mimi nilijificha chini ya meza nimekumbatia rejesta. Polisi walipokuja walipiga kila waliyemkuta, na mzee asiye na meno ndiye aliyelala korokoroni. Mwenyekiti alirudi ofisini Jumatatu na shati lililopigwa pasi, akaniagiza niandike kwamba mkutano uliahirishwa kwa sababu ya hali ya hewa. Nikaandika.

Siku chache baadaye alinipigia simu kutoka nyumbani kwake. Ilikuwa mchana, naandika barua za kawaida. Alizungumza kwa upole kabisa. Alisema wanataka kumwona yule binti wazungumze, wamalizane kiungwana nje ya mahakama, lakini vijana wamekwenda kwao hawakumkuta, inaonekana amehama. Akaniuliza anakaa wapi sasa.

Sidi, nilijua. Baada ya yale ya mkutanoni, hakukuwa na mtu Malindi ambaye hangejua vijana wanatumwa kuzungumza nini. Nilifungua faili, nikamsomea anwani mpya neno kwa neno, pamoja na rangi ya mlango. Akasema ahsante, Bi Jumwa. Nikarudisha faili kabatini, nikaendelea na barua zangu, na sikukosea hata herufi moja.

Jioni ile nilirudi nyumbani ukaja mbio kunipokea. Ulikuwa umeshika nambari moja darasani, unataka kunionyesha karatasi. Nguo zilikuwa bado kwenye kamba na umande umeanza kuingia. Nilichukua waya wa pasi nikakupiga. Nilikupiga mpaka waya ukakuchana bega, na hata ulipoacha kulia nilikuwa bado nakupiga, mpaka baba yako alipouvuta mkono wangu nyuma. Lile kovu unalolificha kwa mtandio, ambalo umekuwa ukiwaambia rafiki zako ulianguka kutoka mtini, halikuwa la nguo za kwenye kamba. Hukuwa na kosa. Ulikuwa wa kwanza, na mimi siku ile nilikuwa nimemfanyia mwingine aliyekuwa wa kwanza jambo baya kuliko kumfuta. Sijawahi kukuomba radhi kwa sababu ningelazimika kueleza. Sasa nakuomba.

Wale vijana walikwenda kesho yake saa tano asubuhi, watu wanafua nje. Walikuwa watatu. Walimkuta Dama anachambua mchele mlangoni. Haya nimeyasikia akiyasema mwenyewe mbele ya jaji, siyazidishi. Walimuuliza anaandika kwa mkono gani. Alidhani ni watu wa mahakama, wanataka atie sahihi, akawaonyesha. Wawili walimlaza chini, wakauweka ule mkono juu ya kizingiti cha saruji, na wa tatu akaupiga kwa chuma. Alipiga mara nne. Dama alisema mara ya kwanza alisikia maumivu, na zile nyingine alisikia sauti tu. Majirani waliingia ndani wakafunga milango. Wakiondoka, mmoja wao alimmwagia ule mchele usoni.

Habari zilinifikia ofisini saa saba. Mwenzangu wa dirishani aliingia akasema yule binti wa kesi amevunjwa mkono. Nilikwenda nikanawa mikono, nikarudi kuhudumia wanachama. Nilijiambia labda walimfuata tu barabarani. Nilijiambia mji ni mdogo. Mwanangu, mtu anaweza kujiambia mambo hayo kwa muda mrefu sana, na mwili ukaendelea kula na kulala.

Ninyi wote mnaijua sehemu inayofuata, maana ndiyo iliyonifanya niwe mtu wa kusifiwa. Ofisi moja ya mawakili ilichukua kesi ya Dama bila malipo, na jaji akaamuru karatasi za alama ziletwe zenyewe, si nakala, na katibu wa kamati aje kuhojiwa. Mwenyekiti aliniita stoo ya mafaili akafunga mlango. Alinishika koo akanikandamiza kwenye kabati mpaka nikaanza kuona giza. Akasema kwa sauti ileile ya simu kwamba nina binti anayetembea peke yake kwenda shule. Aliponiachia nilimwambia nimeelewa. Nilivaa mtandio shingoni wiki nzima ukaniuliza kama naumwa mafua.

Nilikwenda mahakamani nikiwa nimekata shauri kusema uongo. Usiamini yanayosemwa misikitini na makanisani, kwamba Jumwa alikwenda kwa ujasiri. Nilikuwa nimeyakariri majibu yangu. Lakini nje kwenye ukumbi Dama alikuwa ameketi kwenye benchi, mkono umefungwa plasta mpaka kwenye kwapa, vidole vimevimba vyeusi. Aliniona, akasimama kwa taabu, akaniamkia, "Shikamoo, mama." Nikaitika marahaba. Sikuwahi kuitika salamu iliyonichoma vile.

Kizimbani wakili wake alinipa karatasi ya alama akaniomba niiinue mbele ya dirisha. Penseli ikikandamizwa huacha mabonde kwenye karatasi, hata ukifuta. Alama za kwanza za Dama zilikuwa zinasomeka zote chini ya wino wangu. Wakili akaniuliza ni mwandiko wa nani. Nikatazama upande wa mwenyekiti, nikatazama ule mkono wa plasta, mdomo ukanifunguka. Nilisema yote ya penseli, zamu, raba na kulainisha. Nilisema hata habari za kuku. Jaji akauliza kama nina jambo jingine la kuiambia mahakama. Nikasema sina.

Hapo ndipo nilipomvunja Dama mara ya pili. Vijana wawili kati ya wale watatu walikuwa wamekamatwa, wakaachiliwa baadaye kwa kukosekana mtu wa kusema nani aliwatuma na walijuaje alipo. Mtu huyo alikuwa mimi, niliyekuwa nimesimama kizimbani nimeapa.

Ajira ilibatilishwa, mwenyekiti akapoteza kiti, na Jumamosi iliyofuata adhuhuri vijana wake wakaja kwetu. Hilo unalikumbuka. Unakumbuka baba yako alivyokwenda kuwazuia na panga la kukatia makuti, na wao wakamvunja goti kwa chuma, labda chuma kilekile. Unakumbuka jiko lilivyoshika moto, makuti yakawa yanaruka yanawaka, na mbuzi wetu wakakatwa miguu wakaachwa wanalia. Ulinishika kiuno ukawa unapiga mayowe kwamba mama alisema kweli tu. Ulisema hivyo mpaka sauti ikakauka. Tangu siku hiyo ndivyo unavyosema kwa watu, nami nimekuachia, kwa sababu ilikuwa tamu. Baba yako anachechemea kwa ajili ya nusu ya ukweli. Kila akiinuka kitini kwa kushika ukuta mimi huangalia pembeni.

Nilimwambia juzi. Alinisikiliza mpaka mwisho, akavaa kofia akaenda shambani bila jembe. Alirudi jioni akala, na tangu hapo tunazungumza mambo ya chumvi na maji tu. Ukiona kesho amenyamaza, usidhani ni huzuni ya kukuaga peke yake.

Sasa wewe unakwenda kuketi upande ule wa meza. Wamekuajiri katika ofisi ya wafanyakazi, na siku moja utafunguliwa mafaili ya watu, utajua wanapokaa na mama zao ni nani, na mtu mwenye sauti ya upole atakuuliza kitu kidogo. Sina maneno ya kukufundisha hapo. Nakuambia tu kwamba mimi sikujiona nageuka kuwa mtu mbaya. Nilijiona nasaidia kazi iende.

Nilikuwa nimepanga kuishia hapa, nikuachie mzigo uende nao Kilifi, uchague kumwambia Dama au kunyamaza. Asubuhi ya leo nilipokuwa nakupigia nguo pasi niliona nakufanyia ukatili mwingine. Nikachukua barua yako ya kazi, nikapiga ile namba iliyoko chini ya jina lake. Alikuwa ofisini.

Nikamtajia jina langu, na kabla hajanisalimu nikamwambia kwamba mimi ndiye niliyewasomea anwani. Nilidhani atapiga kelele au atakata simu. Aliniuliza kama niko peke yangu. Nikasema niko peke yangu.

Akasema, "Karatasi ile ya anwani nilikuletea mwenyewe, nikakupa mkononi, kwa ajili ya barua za mahakama tu. Hata mama yangu mzazi sikumwambia nimehamia wapi. Nimejua ni wewe tangu walipoingia uani."

Nikamuuliza kwa nini hakunitaja mbele ya jaji. Akajibu kwamba alikuwa ananihitaji kizimbani. Angenitaja, ningejitetea kwa uongo mpaka mwisho, na kesi ingeanguka. Alisema aliniamkia pale kwenye benchi makusudi, ili nisiweze kumtazama nikasema uongo. Baada ya hukumu alingoja nirudi kusema yaliyobaki. Akangoja miaka yote hii. Nikamuuliza, na zile salamu alizokupa uniletee je. Akasema zilikuwa za kunijulisha kwamba bado anangoja.

Nikamuomba asikuadhibu wewe. Hapo alikasirika, na ndiyo mara pekee aliyopandisha sauti. Alisema wewe ulikuwa wa kwanza kwa haki, kila mmoja wa wale wanne wa mezani aliandika alama kwa wino bila kuona za mwenzake, na nisithubutu tena kuomba chochote kwa ajili ya mtu aliyeshinda mwenyewe. Kisha akasema, "Sidi aripoti Jumatatu saa mbili. Wewe nitakukuta Jumatano kituo cha polisi, Malindi, saa nne. Utaandikisha taarifa, na utamtaja aliyepiga simu."

Nimemwambia nitakuwepo. Yule mwenyekiti wa zamani bado yuko Ngomeni, anatafuta kura za kurudi kwenye kamati, na vijana hawajamwishia. Huenda wakaja tena hapa. Huenda nikashtakiwa nami, kwa hati ile ya kiapo na kwa anwani ile. Baba yako atalala kwa ndugu yake Jilore mpaka tujue, nami sitakwenda popote. Naogopa, mwanangu. Naogopa chuma, na naogopa zaidi siku utakapofungua bahasha hii.

Jumatano usiombe ruhusa uje. Ndiyo kwanza unaanza kazi, na jambo hili nililifanya peke yangu. Watu watapita mezani kwako wakuulize kama huyo Jumwa ni mama yako, uwajibu unavyoona. Dama hatakuuliza kitu, nimemwelewa hivyo. Ila mbele yake, Sidi, hata ukinionea huruma, usinitetee.

Aliyekuzaa na kukupiga siku uliyokuwa wa kwanza,

Jumwa